Hofu na Maamuzi Magumu Milimani: Vudee na Upare Kusini

Vudee iko Upare Kusini, wilayani Same, upande wa milima unaotazama nchi kavu ya Makanya. Juu yake kuna msitu wa Chome na kilele cha Shengena, chenye urefu wa mita 2,462. Chini yake ni Bangalala, kisha tambarare ya mibuyu, mkonge na vumbi. Mto Vudee hushuka kutoka juu kwenye ubaridi na kuingia katika bonde la Makanya, ambako maji ni ya kugombaniwa. Milimani watu walilima migomba, mahindi na maharage katika vishamba vilivyobanana kwenye miteremko. Tambarare waliijua pia, ila waliihofia: huko kulikuwa na ukame, homa, wanyama wakali na wapita njia wenye silaha.

Kabla ya ukoloni, mtu wa milima hii alikuwa kwanza mtu wa ukoo wake. Kila ukoo mkubwa ulikuwa na mpungi, kichaka cha miti mirefu kilichotunza mafuvu au kumbukumbu za wazee waliotangulia, ambamo tambiko lilifanywa kwa pombe na mnyama. Kulikuwa pia na mshitu, msitu wa jando, ambako vijana walifundishwa siri za utu uzima. Asiyepita mshitu, hata akiwa na mvi, alihesabiwa mtoto katika mambo mazito. Utawala ulikuwa mikononi mwa mfumwa, lakini katika Upare Kusini wafumwa walikuwa wengi na nchi zao zilikuwa ndogo. Nguvu ya mmoja ilitegemea wazee wa koo na, zaidi ya yote, mvua. Ukoo wa Wambaga ulisifika kwa uganga wa mvua, na sifa hiyo iliwapa heshima hata pale ambapo hawakutawala. Isaria Kimambo, mwanahistoria aliyeandika historia ya siasa ya Wapare kuanzia mwaka 1500 hivi hadi 1900, ameonyesha jinsi tambiko na utawala vilivyokwenda pamoja katika milima hii. Kitabu chake kilitoka mwaka 1969, na mpaka leo ni vigumu kuandika lolote la maana juu ya Upare bila kukipitia.

Mpangilio huo ulitikiswa na biashara ya misafara. Njia ya kutoka Pangani kwenda Kilimanjaro ilipita kando ya Mto Pangani na chini ya milima ya Upare, na katika nusu ya pili ya karne ya 19 pembe za ndovu na watumwa vilipita hapo kwa wingi. Kimweri ye Nyumbai, mfalme wa Washambaa, alifariki mwaka 1862, na vita vya urithi vikafuata. Mwanawe Semboja alijiimarisha Mazinde, kando ya njia ya misafara, akanunua bunduki na kutuma watu wake kuteka mateka. Milima ya Upare ilikuwa jirani. Huko Mbaga, watu wanaonyesha hadi leo mapango ya Mghimbi, ambamo familia zilijificha wakati wa uvamizi.

Adui wa nje alikuwa nusu tu ya hatari. Bunduki na nguo za misafara zililipwa kwa watu, kwa hiyo mfumwa aliyetaka silaha za kujilinda alikuwa na njia ya haraka ya kuzipata: kumuuza mdaiwa, mtu aliyeshutumiwa kwa uchawi, yatima au mtu wa ukoo dhaifu. Asiyefanya hivyo alibaki na mikuki mbele ya jirani mwenye gobori. Nchi ndogo za Upare Kusini ziligawanyika zaidi katika miaka hiyo, na shutuma za uchawi, ambazo zamani zilimalizwa kwa fidia na kiapo, ziligeuka kuwa njia ya kumpoteza mtu kabisa.

Hofu nyingine haikuhitaji mvamizi. Ilikaa ndani ya nyumba, na iliwahusu watoto. Mtoto aliyeota meno ya juu kabla ya ya chini aliitwa kigego kwa Kiswahili, na Wapare, kama Washambaa, Wazigua na majirani wengine, waliamini kwamba angeleta vifo katika ukoo. Mapacha nao walitiliwa shaka, na vivyo hivyo mtoto aliyezaliwa akitanguliza miguu. Kwa hiyo miezi ya kuota meno ilikuwa miezi ya wasiwasi. Kidole kilipitishwa kwenye ufizi wa mtoto, kikatafuta mahali palipoanza kuvimba. Likitokea jino la chini, nyumba ilipumua. Likitangulia la juu, jambo halikuwa tena la mama na baba peke yao; lilikuwa la ukoo, maana iliaminika kwamba balaa lingewapata wote. Huko Mbaga kuna jiwe kubwa liitwalo Malameni, linalotajwa katika masimulizi ya wenyeji kuwa mahali ambapo watoto wa namna hiyo waliuawa, na inasimuliwa kwamba desturi hiyo ilikoma kabisa katika miaka ya 1930.

Si sahihi kuifanya desturi hii kuwa ukatili wa watu wasiopenda watoto. Katika jamii hiyo mtoto alikuwa mali ya ukoo, mrithi wa tambiko na nguvu kazi. Utasa ulikuwa msiba. Ukoo uliompoteza mtoto ulijua unapoteza nini. Hesabu iliyofanyika ilikuwa ya kutisha kwa sababu ilikuwa na mantiki: mmoja au wengi. Ukame ukija baadaye, au ugonjwa ukiua ng'ombe, mama aliyemficha kigego wake angeulizwa yeye. Na wapo waliowaficha. Desturi ya namna hii haiwezi kudumu bila siri za wale walioikwepa: mtoto aliyepelekwa kwa ndugu wa mbali, jino lililosemwa kuwa la chini, mkunga aliyenyamaza. Siri hizo hazikuandikwa popote, lakini ndizo zinazoeleza kwa nini, wageni walipofika na kutoa mahali pa kukimbilia, walipata watu wa kupokea.

Wageni hao walikuwa wamisionari wa Kijerumani. Misheni ya Leipzig, ya Kilutheri, ilianza Upare mwaka 1900 huko Shigatini, Upare Kaskazini, kisha ikashuka kusini na kuweka vituo, Vudee na Mbaga vikiwamo, katika miaka ya mwanzo ya karne ya 20. Mwaka 1903 Waadventista wa Sabato walifika Upare Kusini na kuanzisha kituo cha Friedensthal huko Giti, katika nchi ya Mamba; ndicho kilichokuwa chanzo cha kanisa lao katika nchi ambayo sasa ni Tanzania. Kwa hiyo ndani ya miaka michache milima iliyokuwa na mipungi mingi ilipata pia makanisa mawili yasiyokubaliana hata kuhusu siku ya kupumzika.

Kutoka kila upande alitokea mwandishi. Ernst Kotz, Mwadventista, alichapisha sarufi ya Chasu, lugha ya Wapare, mwaka 1909, na mwaka 1922 akatoa kitabu kuhusu mila za Wapare ambacho jina lake la Kijerumani linasema kwamba watu hawa wameshikwa na hofu. Jakob Dannholz, Mlutheri wa Mbaga, alikuwa amechapisha chake mwaka 1916, na jina la kitabu hicho linasema kwamba wameshikwa na imani ya mizimu. Mtu akiviona vitabu hivyo viwili vimewekwa pamoja angeweza kudhani ni misimu miwili ya tamthilia ya kutisha ya televisheni: kijiji kilichofungiwa mlimani, sheria za ajabu za usiku, watoto hatarini, na mgeni anayefika na taa. Ndivyo wasomaji wa Ulaya waliochangia fedha za misheni walivyopenda kuisoma Afrika. Hata hivyo vitabu hivyo vina thamani kubwa. Kotz na Dannholz walijua Chasu vizuri, walikaa na wazee, na waliandika mambo mengi ambayo leo hayapatikani kwingine. Udhaifu wao ni mmoja, nao si mdogo: waliiona hofu bila kuona jinsi watu walivyojadiliana nayo. Katika simulizi zao Mpare ama amefungwa au amefunguliwa. Mtu aliyesimama katikati, akienda kanisani Jumapili na kutuma mbuzi mpungini kwa siri, anaonekana kama mnafiki tu.

Na wengi walisimama hapo katikati. Uamuzi wa kubatizwa haukuwa wa imani peke yake. Aliyebatizwa aliambiwa aache tambiko, aache kuoa mke wa pili, na asiwapeleke watoto wake mshitu. Agizo la mwisho ndilo lililouma zaidi. Kijana wa Kikristo ambaye hakupita mshitu alikuwa anajua kusoma na kuhesabu, mambo ambayo baba yake hakuyajua, lakini wazee hawakumhesabu kuwa mtu mzima. Wasichana wa rika lake walimcheka, na katika kikao cha ukoo alikaa pembeni. Aliyepita mshitu kwa siri alifungiwa meza ya Bwana. Familia ikagawanyika ndani ya ua mmoja: kaka wa kwanza kwa wazee, wa pili kwa mwalimu wa misheni.

Pombe nayo ilileta mgawanyiko wake. Dengelua, pombe ya miwa, ilikuwa kinywaji cha kupatanisha, kulipia mahari na kuwaita wazee waliokufa. Waadventista waliikataa kabisa, wakakataa na nyama ya nguruwe, wakapumzika Jumamosi. Siku za msaragambo, kazi ya pamoja ya kijiji ya kutengeneza njia, mifereji na mabwawa, zilibidi zipangwe kwa kuangalia nani hafanyi kazi Jumamosi na nani hafanyi Jumapili. Kadiri muda ulivyopita, Gonja, Mbaga na Vudee zilijulikana kwa Ulutheri, Mamba, Giti na Suji kwa Usabato, na nchi za chini karibu na reli na njia kuu zikawa na Waislamu wengi. Ndoa zilivuka mipaka hiyo kila mara. Kilichofuata kilikuwa mazungumzo marefu kuhusu nani atabadili, na mara nyingi aliyebadili alikuwa bibi harusi.

Kuhusu watoto, misheni ilishinda bila vita. Ilifungua njia ya tatu kwa mama aliyekuwa na njia mbili tu, kuua au kudanganya: angeweza kwenda kituoni na mtoto wake, na ukoo ungeweza kusema kwamba balaa limetoka nyumbani na kwenda kwa Wazungu, ambao wangejua la kufanya nalo. Vigego walikua, wakasoma, wakaoa, na mvua ikaendelea kunyesha na kukosekana kama ilivyokuwa zamani. Mahubiri yalichangia, lakini ushahidi wa watu hai waliokuwa wakitembea njiani ulikuwa na nguvu zaidi.

Vita Kuu ya Kwanza iliwaondoa wamisionari wa Kijerumani, na kwa miaka kadhaa makanisa ya milimani yaliendeshwa na walimu Wapare wenyewe. Walutheri wa Marekani, wa sinodi ya Augustana, walisaidia katika miaka ya 1920 kabla Leipzig haijarudi, na wakabeba tena mzigo huo Wajerumani walipokamatwa mwanzoni mwa Vita Kuu ya Pili. Matokeo yake ni kwamba walimu na wainjilisti wenyeji walipata uzoefu wa kuongoza watu, kuandika barua na kutunza fedha, nje ya ukoo na nje ya ufumwa. Uzoefu huo ulitumika muda si mrefu baadaye katika jambo ambalo misheni haikulipanga.

Waingereza, kwa sheria ya mamlaka za wenyeji ya mwaka 1926, waliwatambua wafumwa kama watawala na kuwapa mahakama, hazina na mishahara. Mfumwa ambaye zamani aliogopa kukosa mvua sasa aliogopa kumkosea mkuu wa wilaya wa Same. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 serikali na wafumwa walikubaliana kuanzisha kodi mpya ya kiwango tofauti, kila mtu atozwe kwa kadiri ya mali yake, juu ya kodi ya kawaida iliyokuwa sawa kwa wote. Ili ikubalike, waliipa jina la ushuru wa zamani wa wafumwa: mbiru. Watu walikataa jina na kodi vyote viwili. Walisema mbiru ya wazee haikuwa hivyo, na kwamba wafumwa wanatumia jina la mababu kuwatoza watoto wao.

Kwa maneno ya vitabu vya uchumi, kodi ya kadiri ya mali ni ya haki kuliko kodi sawa. Lakini Vudee, Mamba au Mbaga, kupima mali kulimaanisha jirani kuja kuhesabu mbuzi, migomba na miti ya kahawa ya jirani, kisha kupeleka taarifa kwa mfumwa. Mbuzi mmoja angeweza kuwa wa shemeji, amewekwa tu kufugwa. Mwingine wa mahari ya binti. Mali ya Mpare haikukaa mahali pamoja, na kuificha kulikuwa sehemu ya busara. Wapimaji walichaguliwa na wafumwa, kwa hiyo rafiki wa mfumwa alionekana maskini na adui yake tajiri. Kodi ilirudisha shaka ya zamani, jirani anayemwangalia jirani, safari hii kwa karatasi.

Upinzani ulianzia Upare Kusini, na mmoja wa viongozi wake alikuwa Paulo Mashambo wa Mamba, mtu wa malezi ya Kiadventista. Mwaka 1945 maelfu ya wanaume walishuka Same, makao makuu ya wilaya, wakakaa hapo kudai kodi iondolewe. Hawakuvunja kitu. Walikaa kwa zamu: kundi moja lilirudi milimani kulima, jingine likashuka na chakula. Hawakukataa kulipa kodi ya kawaida. Walikataa kupimiwa utajiri. Walichanga fedha za mawakili na kupeleka malalamiko ngazi za juu za serikali. Walutheri, Waadventista, Waislamu na watu wa mpungi walikaa kwenye uwanja mmoja, jambo ambalo miaka 40 ya mahubiri haikuwahi kulifanya.

Mgawanyiko mpya ulikuwa kati ya wananchi na wafumwa, na ulipita ndani ya koo. Karani wa mfumwa, askari wa baraza, mwalimu aliyelipwa na hazina ya wenyeji, kila mmoja alilazimika kuchagua kati ya mshahara na ndugu zake. Wanawake waliobaki milimani walibeba kazi zote, na subira yao ikaisha. Huko Usangi, Upare Kaskazini, walimzonga mtawala na maofisa kwa mawe. Simulizi zilizokusanywa baadaye zinasema kwamba wanawake walimwambia mkuu wa wilaya amalize mgogoro ili waume zao warudi nyumbani, au la awape wote mimba yeye mwenyewe, maana yeye ndiye aliyewaweka waume zao Same. Hakuna hoja iliyoandikwa na wakili iliyofikia ukali wa hiyo.

Kodi iliondolewa, na kufikia mwaka 1947 mgogoro ulikuwa umekwisha. Umoja wa Wapare, ulioanzishwa mwaka 1946, uliendelea kuwakusanya watu wa nchi zote za Upare, na wananchi wasio wa koo za utawala wakaanza kuingia katika mabaraza. Wafumwa hawakupata tena heshima waliyokuwa nayo. Serikali ya Tanganyika ilipofuta utawala wa machifu kwa sheria mwaka 1963, Upare haikuwa na mengi ya kuomboleza. Kimambo aliandika kitabu kidogo juu ya mbiru mwaka 1971, na kimebaki mojawapo ya maelezo bora ya upinzani wa amani wa wakulima wa Tanganyika.

Kwa Vudee, mgawanyiko wa kudumu zaidi kuliko wa kanisa na wa kodi ni wa maji. Wakulima wa Upare Kusini huchimba ndiva, bwawa dogo lenye ukuta wa mawe na udongo, kando ya mfereji unaotoka mtoni. Jioni mlango wa ndiva huzibwa, maji ya usiku hujaa, asubuhi huzibuliwa na kugawanywa shamba kwa shamba kwa zamu. Zamani ndiva ilikuwa ya ukoo ulioichimba, na mgeni aliomba. Baada ya uhuru, na hasa vijiji vilipoundwa katika miaka ya 1970, madaraka yalihamia kwenye kamati, ingawa wazee wa ukoo hawakunyamaza. Tatizo ni kwamba mto ni mmoja. Vudee ikichukua maji yote mchana na kuyafungia usiku, Bangalala hukauka. Vudee ikiyaachia, mahindi ya mlimani hunyauka. Wengi wa Bangalala ni watoto na wajukuu wa watu walioshuka kutoka milimani ardhi ilipokwisha, kwa hiyo ugomvi wa maji ni ugomvi wa ndugu.

Watafiti waliofanya kazi katika bonde la Makanya katika miaka ya 2000 walikuta makubaliano ya maji kati ya juu na chini yakitegemea undugu huo kuliko karatasi yoyote. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 inamtaka mtumiaji wa maji ya mto awe na kibali, na kwa Vudee mamlaka inayohusika ni Bodi ya Maji ya Bonde la Pangani. Hata hivyo mkulima wa chini ambaye mfereji wake umekauka haanzi na ofisi ya bonde. Hupanda Vudee kwanza, kuzungumza.